Mwanamke Aliyetua Mzigo Mlangoni

Mtu akiniuliza asome nini, huwa simjibu mpaka nijue anakwenda wapi na nani anamngoja huko. Ndivyo nilivyozoea nilipokuwa na meza ya vitabu stendi ya Buzuruga, miaka ile ya tisini ambapo ilionekana kila mtu Mwanza ameambiwa auze kitu. Wengine waliuza mitumba, wengine betri na vioo vya mkononi, mimi nikauza hadithi. Majirani zangu wa stendi walinionea huruma, na walikuwa na haki yao.

Sikuanza kwa kupenda. Nilikuwa mpiga chapa katika ofisi ya kiwanda kimoja Nyakato. Kiwanda kikapata mwenyewe mpya, tukaitwa uwanjani tukaambiwa tumepunguzwa. Wenzangu wakatawanyika, huyu Geita kwenye dhahabu, yule Ukerewe kwa wazazi wake. Mimi nikabaki na chumba cha kupanga na vitabu nilivyokuwa nikinunua tangu shuleni. Nikaviweka mezani kwa sababu sikuwa na kingine cha kuweka. Kwetu ni upande wa Musoma, ufukweni kabisa, na basi la Musoma lilikuwa likiondoka mbele ya pua yangu kila asubuhi, lakini sikulipanda. Ningerudi na nini? Mama yangu alikuwa amelitangazia kanisa zima kwamba mwanawe ndiye anayemwandikia mkurugenzi barua.

Mteja wa stendi ana haraka. Anakuja mguu mmoja uko kwenye basi, anasema, "Dada, nipe kitabu kizuri." Kizuri kwa nani? Swali hilo liliwaudhi wengi, lakini sikuliacha. Mama anayekwenda kumwuguza mtu hospitali nilimpa hadithi fupi, kwa sababu hadithi fupi ni za mtu anayekatizwa. Anasoma moja mgonjwa akisinzia, akiitwa anafunga kitabu, na hakuna alichopoteza. Mlinzi wa zamu naye hivyo hivyo, na mwanamke anayenyonyesha. Riwaya nilimpa mtu aliyekwisha kukubali kwamba atachelewa, kama mwalimu aliyepangiwa kazi kisiwani, au msafiri wa Tarime wakati wa masika. Kijana aliyeachwa na mchumba hakupata riwaya ya mapenzi kwangu hata angelia. Nilimpa ya upelelezi, apate maiti ya mtu mwingine ya kumshughulisha.

Walikuwepo waliotaka kujua kwanza kama kitabu kina mwisho mzuri. Hao niliwauzia kalenda, nilikuwa nazo chache za ukutani kwa kazi hiyo. Na walikuwepo, wakizidi kila mwezi, waliotaka vitabu vya kuanzisha biashara. "Hadithi za nini, dada? Siku hizi ni ruksa, watu wanatafuta maisha." Niliwajibu kwamba mimi biashara ninayo tayari, na wao wenyewe wanaona inavyonitajirisha.

Ubaya wa kuuza vitabu stendi ni kwamba msomaji anaondoka nacho. Nilikuwa kama mtu anayempikia mgeni, kisha mgeni anabeba chungu na kupanda nacho basi. Sikujua kamwe kama chumvi ilitosha. Jioni nilirudi chumbani, nikasoma, na kila kitabu kina mahali pake pa kumgusa mwenzako umwambie hebu sikia hapa. Mimi mwenzangu sikuwa naye. Wapangaji wenzangu waliamini ninaringa. Nilikuwa mpweke, basi, na sikujua kuomba watu.

Ndipo akatokea mkata minofu.

Alikuwa akifanya kazi katika kiwanda cha samaki, kukata sangara minofu inayopelekwa Ulaya, na kwao ni Kisesa. Mwisho wa mwezi alipita stendi akirudi nyumbani kwa mama yake na mke wake. Alikuwa mtu mzima wa makamo, mrefu, mpole wa sura tu, kwa maana katika ubishi hakuwa na upole wowote. Siku ya kwanza nilimwuliza swali langu, unakwenda wapi na nani anakungoja. Wengine hujibu jina la mji. Yeye aliweka mfuko chini akafikiri.

"Nakwenda Kisesa, na ananingoja mtu ambaye halali mapema," alisema.

Nilidhani ni mkewe. Nikampa riwaya nene ya mwalimu mkuu mmoja anayepoteza kijiji chake kidogo kidogo, nikamwonya kwamba mwanzo wake unachosha, avumilie mpaka mvua inyeshe. Mwezi uliofuata alirudi.

"Si kibaya," alisema.

Nilikuja kujua baadaye kwamba hiyo ndiyo sifa yake ya juu kabisa. Baada ya hapo alitaja makosa ya yule mwalimu mmoja mmoja, kana kwamba wanafahamiana na wamegombana. Nilimtetea. Basi la kwanza la Kisesa likaondoka bila yeye, na la pili likaondoka, na kondakta wa la tatu akamwuliza kama amehamia hapo.

Ikawa hivyo kila mwezi. Hakukaa hata siku moja, ingawa nilikuwa na kigoda cha pili. Alisimama, mimi nimekaa, tukabishana. Yeye aliniita dada wa vitabu, mimi nilimwita kaka. Jina lake sikuliuliza wala yeye hakuuliza langu. Hatukusimuliana habari za nyumbani. Vitabu alivyorudisha kubadilisha vilinuka sangara kiasi kwamba mteja mmoja aliniuliza kama hiki kilikuwa cha paka. Mimi harufu ile nilikuwa naipenda, na naisema kama ilivyo. Ilikuwa harufu ya mtu aliyesoma nilichomwambia asome.

Mapenzi hayakuwepo, kama unaanza kuyatafuta. Kulikuwa na kitu ambacho mpaka leo sijakipatia jina kwa Kiswahili wala kwa Kijita cha kwetu, kitu cha mtu ambaye ukifungua ukurasa unasikia tayari atakavyoupinga.

Ubishi wetu mkubwa ulikuwa juu ya hadithi moja fupi, ya mwisho katika mkusanyo wenye jalada la kijani. Mwanamke ametoroka kwao akiwa msichana. Miaka imepita, sasa anarudi kwa mama yake na mzigo kichwani. Mvua inanyesha. Anafika mlangoni, anasikia mama anakohoa ndani, na hadithi inakwisha kwa maneno kwamba akatua mzigo chini. Basi. Hakuna zaidi.

Mimi nilisema ameingia. Mtu akitua mzigo mlangoni kwa watu, amefika. Kuna haja gani ya kuandika anachokijua kila mtu?

"Hapana, dada wa vitabu," alisema. "Ameutua ili auache. Mzigo ni wa mama yake. Ameuacha pale, akarudi alikotoka."

"Kwenye mvua?"

"Ndiyo. Aibu inaogopa mvua?"

"Soma tena."

Alisoma tena. Akarudi na jibu lile lile, na mimi nikawa na hasira ambayo haikulingana na jambo lenyewe. Nilimwambia hana moyo, kazi ya visu imemharibu. Kisha akaniuliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza nauli, "Wewe basi la kwenu linaondoka saa ngapi hapa?"

Niligeuka nikapanga vitabu ambavyo vilikuwa vimepangwa. Nadhani aliona amenigusa penye kidonda, maana alichukua tena ule mkusanyo wa kijani kutoka mezani. Alikuwa anakohoa mwezi ule, na koti lilikuwa limeanza kumpwaya.

"Nitausoma mara ya tatu," alisema. "Nikibadilika nitakuja kukwambia."

Mwisho wa mwezi uliofuata hakuja. Nilikuwa nimemwekea riwaya chini ya meza, ya dada wawili wanaorithi mtumbwi mmoja, na niliwakatalia watu wawili walioitaka. Mwezi wa pili hakuja. Nilikuwa nimekwisha kutunga hoja zangu zote kuhusu yule mwanamke wa mlangoni, nazirudia moyoni nikioga, nikipika. Sikuwa na mahali pa kumtafuta. Ningeuliza kiwandani nimtaje vipi? Mrefu, anapinga kila kitu?

Mwezi wa tatu walipita vijana wawili wa kiwanda chao, na mabuti yao meupe mkononi. Mmoja alisimama akanionyesha kwa kidole.

"Wewe si ndiye uliyekuwa unabishana na mzee wetu? Pole, dada. Ametutoka. Aliugua muda, tukamzika kwao. Jumamosi wanamaliza matanga."

Alisema kama mtu anayekumbusha, akidhani najua. Lakini nani angeniambia? Hakuna aliyejua kwamba kuna mtu wa kuambiwa. Siku wanamzika huenda nilikuwa napatana na mtu bei ya kalenda. Hilo ndilo lililoniliza, na nililia pale pale stendi, watu wakidhani nimeibiwa.

Jumamosi nilifunga kanga mbili nikaenda Kisesa. Nilibeba ile riwaya ya mtumbwi kwenye mkoba, sijui kwa nini. Nadhani nilishindwa kwenda kumwona bila kitabu. Lakini kusema kweli nilikuwa na jambo moja lililonipeleka, na nililijua, na lilinitia aibu. Nilitaka jibu langu. Alisema atausoma mara ya tatu. Nilitumaini alimwambia mtu yeyote nyumbani kama alibadilika.

Msibani kwa watu, mwanamke mgeni aliye peke yake huonekana kabla hajafika. Nilisalimia wazee shikamoo, nikapeleka rambirambi, nikakaa kwenye mkeka nyuma ya wanawake wote. Ilikuwa saa ya kugawa vitu vya marehemu. Mjomba alipewa koti, nikalitambua. Mpwa alipewa viatu. Kila aliyepewa aliitwa kwa alivyomhusu marehemu, ndugu, shemeji, binamu, anasimama, anapokea kwa mikono miwili, anakaa. Nilihesabu moyoni majina yote ya ujamaa ninayoyajua na sikupata hata moja la kwangu.

Kisha likatolewa boksi la minofu, la kule kiwandani, limejaa vitabu. Harufu ilinifikia nilipokaa. Mzee aliyekuwa akigawa alichungulia ndani akacheka kidogo.

"Hivi vya nani? Tumpe mama wa karanga afungie?"

Nikasimama. Sikuwa nimepanga. Wanawake wote waligeuka, na mke wa marehemu, aliyekuwa ameketi na kaniki yake mabegani, akanitazama kutoka miguuni kupanda juu.

"Vitabu visifungiwe karanga, tafadhali," nilisema.

"Na wewe ni nani wake?" shangazi mmoja aliuliza. Hakuuliza kwa ubaya mkubwa, lakini kila mtu alielewa anachouliza. Mwanaume amekufa, mwanamke wa stendi amesimama kwenye matanga yake. Hapo hata mtoto angejua hesabu inavyokwenda.

"Nilikuwa namwambia asome nini," nilijibu.

Ilisikika kijinga hata masikioni mwangu. Mtu mmoja akaguna. Nikaona mke anainamisha uso, na nikatamani ardhi inimeze, kwa sababu nilikuwa nimemwongezea mjane jambo la kufikiria usiku.

Bibi mmoja aliyekuwa ameegemea ukuta wa nyumba ndogo, amenyolewa nywele, akasema kitu kwa Kisukuma. Shangazi akamjibu, bibi akarudia kwa sauti zaidi. Kisha shangazi akaniambia, uso wake umebadilika, "Mama yake anauliza kama wewe ndiye yule wa stendi anayesema aliingia."

"Ndiye mimi," nikasema.

Bibi alipiga mkeka kando yake kwa kiganja. Nikapita katikati ya watu wote wale nikaenda kukaa. Nilimwamkia, "Mwadila, mayo," Kisukuma changu chote kikaishia hapo, na yeye Kiswahili chake kilikuwa cha sokoni, lakini shangazi alisogea akatusaidia, na mke naye baada ya muda akasogea.

Ndipo nikajua ni nani aliyekuwa halali mapema. Mama yake hakusoma, na macho yalikuwa yameanza kumtupa. Kila mwisho wa mwezi mwanawe alikaa naye jikoni baada ya chakula akamsimulia kitabu kizima kwa Kisukuma, siku mbili, siku tatu, mpaka kiishe. Mwalimu mkuu na kijiji chake, mama alimjua. Wapelelezi wangu wote aliwajua, na mmoja alimwona mvivu. Kila nilichokichagua kwa ajili ya mtu aliyekuwa amesimama mbele ya meza yangu, kilikuwa kikisafiri mpaka kwa mtu wa pili, na mimi nalia chumbani kwamba sijui kama chumvi ilitosha.

"Yule wa mzigo," bibi alisema. "Mtoto wangu alisema alirudi kwenye mvua. Nikakataa. Akaniambia, kuna dada mmoja stendi naye anakataa kama wewe. Mimi nikasema, huyo dada ana mama."

Nilivuta kanga nikajifunika uso.

"Alipolala kitandani akiugua akanisimulia tena. Mara hiyo akasema ameingia. Ameingia, mama yake akaacha kukohoa, akamwambia kaa, akampa maji ya kunywa."

"Maji?" nilisema.

"Maji. Kwenye kata."

Nikatikisa kichwa. Maji hayamo kwenye hadithi ile. Ninaijua yote, neno kwa neno, hakuna kata wala neno kaa wala mama kuacha kukohoa. Hadithi inakwisha mzigo ukiwa chini. Alikuwa ameshindwa, mwenyewe kwa hiari yake, kisha badala ya kukiri kistaarabu akaongeza maji yake. Hoja zilinijaa papo hapo. Nani kakwambia kuna maji? Onyesha mstari. Niligeuza hata uso, kuelekea upande ambao angekuwa amesimama, na upande ule kulikuwa na ukuta wa udongo na jembe.

Hapo ndipo aliponifia. Miezi yote ile alikuwa hajafa kwangu, alikuwa amechelewa tu. Nilikuwa na ubishi mzima kifuani, mzuri kuliko yote tuliyowahi kubishana, na hakukuwa na mtu duniani wa kumpa. Bibi alinishika mkono akauacha ndani ya wake. Boksi la vitabu lililetwa likawekwa mlangoni pake kwa amri yake, na mzee wa kugawa akaendelea na vitu vingine.

Watu walipoanza kula bibi akaniuliza, "Mwezi huu ungempa kipi?"

Nikatoa ile riwaya kwenye mkoba. Nikamwambia ni ya dada wawili na mtumbwi wa baba yao, mwanzo wake si wa kuchosha, lakini asimwamini dada mkubwa. Akasema haya. Nikaanza kumsimulia kwa Kiswahili chepesi, shangazi akitia Kisukuma, na yule mjane akiwa amekaa nasi, mkono shavuni. Nilisimulia vibaya. Mimi ni mtu wa kuchagua vitabu, kusimulia ilikuwa kazi yake. Dada wakagombana, mtumbwi ukakatwa kamba, dada mdogo akasimama ufukweni akiwa ameshika kasia, na mimi nikanyamaza.

Kuku walipita wakiokota punje kwenye mkeka.

"Mbona umenyamaza?" bibi aliuliza.

"Hapa ndipo angenikatiza," nilisema.

Alifikiri, macho yake yale yasiyoona vizuri yameelekea barabarani, kule yanakotokea mabasi ya mjini.

"Basi mngoje kidogo," alisema, "kisha uendelee."